Robert Flaherty na Kamera Yake

Robert Flaherty alizaliwa Michigan, Marekani, mwaka 1884. Wengi humwita baba wa filamu za maisha halisi, lakini kazi yake ya kwanza ilikuwa kutafuta madini ya chuma kaskazini mwa Kanada. Mwaka 1913 tajiri wake, William Mackenzie, alimshauri abebe kamera, akajifunza kuitumia kwa wiki chache tu.

Mwaka 1916, akiwa Toronto, sigara yake iliangukia mikanda aliyopiga. Futi 30,000 hivi ziliteketea, naye akajeruhiwa. Ilibaki nakala moja, ila hakuipenda: ilionyesha safari, haikumwonyesha mtu. Tunadhani moto ule ulimfaa.

Alirudi mwaka 1920 kwa fedha za kampuni ya biashara ya manyoya, akakaa na Wainuit zaidi ya mwaka. Aliongoza filamu na kuipiga kwa mkono wake mwenyewe. Picha alizisafisha hukohuko, na watazamaji wake wa kwanza walikuwa Wainuit wenyewe. Walimsaidia hata kutengeneza kamera ilipoharibika. Filamu hiyo, Nanook of the North, ilitoka New York mwaka 1922.

Hapa ndipo penye ugumu. Nanook jina lake halisi lilikuwa Allakariallak. Alizoea bunduki, lakini kwenye filamu anawinda kwa chusa. Mwanamke tunayeonyeshwa kama mkewe hakuwa mkewe. Nyumba ya theluji ilijengwa nusu ili mwanga uingie. Flaherty alitaka kuonyesha maisha ya mababu kabla hayajasahaulika. Alifanya vivyo hivyo Ireland katika Man of Aran ya mwaka 1934: wavuvi walifundishwa upya kuwinda papa kwa chusa, kazi iliyoachwa zamani, na wakatumwa katika mawimbi ya kutisha.

Hatumwiti mwongo. Sisi wenyewe tukipiga video ya upadrisho parokiani huwaomba watu waingie tena mlangoni. Ila yeye hakumwambia mtazamaji, na hilo tunaliona kosa.

Flaherty alifariki Vermont mwaka 1951. Allakariallak alikuwa ametangulia zamani, kama miaka miwili baada ya kupigwa picha, wakati filamu ikiendelea kujaza kumbi. Waliolipa kiingilio walimjua kwa jina la Nanook tu.