Bruce Lee: Steringi aliyekufa kabla picha haijaanza

KWA mashabiki wa picha za mapigano kuna sheria moja ambayo hata mtoto anaijua: steringi hafi. Bruce Lee aliivunja mara mbili.

Mara ya kwanza ilikuwa ndani ya Fist of Fury, mwaka 1972, pale alipomalizia picha kwa kurukia midomo ya bunduki. Mara ya pili haikuwa picha tena. Alifariki Hong Kong, Julai 20, 1973, akiwa na miaka 32, huku Enter the Dragon, kazi iliyompa jina dunia nzima, ikiwa bado haijaonyeshwa.

Jamaa alizaliwa San Francisco, Marekani, Novemba 27, 1940, wakati baba yake, mwigizaji wa opera ya Kikantoni, akiwa huko kwa maonyesho. Alirudishwa Hong Kong akiwa bado mchanga na akaanza kuigiza tangu utotoni. Mtaani alikuwa mtundu, ngumi haziishi, mpaka akaangukia mikononi mwa mwalimu Ip Man aliyemfundisha mtindo wa Wing Chun. Ila hakujua kupigana tu. Mwaka 1958 alikuwa bingwa wa Hong Kong wa kucheza cha-cha. Anayeshangaa wepesi wa miguu yake asitafute mbali.

Mwaka 1959 familia ilimrudisha Marekani ili kumwepusha na ugomvi wa mitaani. Alifanya kazi kwenye mgahawa Seattle, akaingia Chuo Kikuu cha Washington na kuanza kufundisha kung fu. Mwaka 1964 alimuoa Linda Emery, na mwaka huohuo akawaacha watu midomo wazi Long Beach kwa ngumi yake inayotoka umbali wa inchi moja tu.

Onyesho hilo lilimfungulia mlango wa televisheni. Kati ya 1966 na 1967 alicheza kama Kato kwenye The Green Hornet. Kato alikuwa dereva na msaidizi wa steringi: kazi ya kupiga anafanya yeye, sifa anabeba mwenzake. Igizo lilidumu msimu mmoja, kisha Bruce akarudi benchi.

Akawa kocha wa mastaa. Steve McQueen na James Coburn walijifunza kwake, na pia Kareem Abdul-Jabbar, yule mrefu wa mpira wa kikapu. Aliwafundisha mtindo wake mwenyewe, Jeet Kune Do, ambao msingi wake mtu wa soka anauelewa haraka: usisubiri shambulizi likufikie, likate njiani kama beki anayenasa pasi.

Mwaka 1970 likamkuta lile ambalo kila mchezaji analiogopa. Aliumia mgongo akinyanyua chuma, na madaktari wakamwambia asahau kurusha mateke. Alilala kitandani miezi, akijaza madaftari kwa maandishi ya mapigano, kisha akajifua na kurudi uwanjani.

Pigo la pili lilitoka kwa mabosi. Alifikiriwa kwa igizo la Kung Fu, lakini namba akapewa David Carradine, Mmarekani mweupe. Walioshika pesa waliona ni hatari kibiashara kumweka Mchina mbele.

Bruce hakukaa kulialia. Alihamia ligi nyingine. Hong Kong walikuwa wakimjua kama Kato, na kampuni changa ya Golden Harvest ikamsaini kwa dola 15,000 kwa picha mbili. The Big Boss ya 1971, iliyopigwa Thailand, ilivunja rekodi ya mapato ya Hong Kong. Fist of Fury ikaivunja tena. Kwenye The Way of the Dragon aliandika, akaongoza na kucheza mwenyewe, na pambano lake na Chuck Norris kwenye Colosseum ya Roma bado linazungumzwa hadi leo.

Sasa Hollywood ikaja yenyewe. Aliiacha Game of Death njiani, ile aliyopambana na Abdul-Jabbar mwenye urefu wa mita 2.18, akaenda kucheza Enter the Dragon ya Warner Bros. Mei 10, 1973, akiwa studio akiingiza sauti kwenye picha hiyo, alianguka. Madaktari wakakuta ubongo umevimba. Akapona, akarudi kazini. Miezi miwili baadaye kichwa kilimuuma, akameza dawa ya maumivu, akalala na hakuamka. Ubongo ulikuwa umevimba tena.

Agosti mwaka huohuo Enter the Dragon ikatoka Marekani na watu wakafurika. Steringi alikuwa Mchina, na biashara haikufa.

Alizikwa Seattle. Miongoni mwa waliobeba jeneza walikuwamo McQueen na Coburn, mastaa waliokuwa wakicheza picha kubwa wakati mwalimu wao anasugua benchi. Mwanawe Brandon, aliyepigwa risasi kwa ajali akicheza picha mwaka 1993, akiwa na miaka 28, amelala pembeni yake.

Picha alizomaliza akiwa steringi mkubwa ni nne tu. Kwenye ile ya mwisho kuna kijana anayekamatwa nywele na kuvunjwa shingo na Bruce. Kijana huyo ni Jackie Chan, ambaye baadaye alipita mlango huohuo.