Maisha ya Apolo Kagwa, Katikiro wa Buganda

Katika ukurasa huu wa maisha ya watu wakubwa wa zamani tunawaletea leo mtu wa jirani kabisa. Wengi wetu tunajua Apolo Kivebulaya, yule mhubiri Mganda aliyefika Mboga, kule Ituri, mwaka wa 1896, na akazikwa kule 1933. Lakini iko Apolo mwingine wa inchi ile ile. Yeye hakuwa mhubiri, alikuwa mtu wa utawala. Tumemchagua kwa sababu kila mwaka, siku ya kuchagua wakubwa wa madarasa, maneno yanaanza: huyu ni wa kanisa gani, na wale wamekwisha kupata viti vingapi? Apolo Kagwa aliishi karibu miaka 40 ndani ya maneno ya namna hiyo. Kwake yalikuwa maneno ya kufa na kupona.

Alizaliwa katika miaka ya 1860. Alipokuwa kijana aliingia kutumika katika nyumba ya mfalme, ambaye Waganda wanamwita Kabaka. Wakati ule wageni watatu walikuwa wamekwisha kufika kwa Kabaka: Waarabu na Waswahili na Kurani yao, misionere Waprotestanti wa Uingereza mwaka wa 1877, na Mapadri Weupe wa Ufaransa mwaka wa 1879. Vijana wa nyumba ya mfalme walipenda sana kusoma, hata watu wakawaita wasomaji. Vitabu vya kwanza walivyosoma Waprotestanti vilikuwa vya Kiswahili, kwa maana Kiganda kilikuwa bado kuchapwa vizuri. Watu wa inchi wakaita kundi moja Wangereza na kundi lingine Wafransa, ingawa wote walikuwa Waganda, watoto wa ukoo mmoja mara nyingi.

Kabaka Mwanga alipoanza kutawala (1884) aliogopa kwamba vijana hawa wanasikiliza mfalme mwingine. Kati ya 1885 na 1887 aliua wengi, Wakatoliki na Waprotestanti pamoja. Siku ya 3 Juni 1886 kundi kubwa walichomwa moto Namugongo. Kagwa naye alipigwa vibaya na mkono wa mfalme mwenyewe, lakini akaachwa kuishi. Tungefikiri watu walioteswa pamoja hawawezi kugombana tena. Sivyo.

Mwaka wa 1888 Waislamu na Wakristo waliungana, wakamfukuza Mwanga, wakagawanya vyeo. Mapatano yale hayakumaliza miezi miwili. Waislamu wakawafukuza Wakristo, nao wakakimbilia Nkore. Kule mkubwa wao alikuwa Honorat Nyonyintono, Mkatoliki, na Kagwa alimtii. Nyonyintono alipokufa vitani mwaka wa 1889, Kagwa akashika nafasi yake. Mwaka ule ule walimrudisha Mwanga katika kiti chake, yule yule aliyewatesa, na Kagwa akawa katikiro, ndiyo kusema waziri mkubwa. Alikuwa bado kijana.

Sasa tusikilize vizuri, maana hapa ndipo penye fundo. Wakristo waliapa kugawanya vyeo nusu kwa nusu. Kama mkubwa wa jimbo ni Mprotestanti, anayemfuata chini awe Mkatoliki, na hivi mpaka chini kabisa. Kwa macho ilikuwa haki. Lakini katika Buganda cheo hakikuwa jina tu. Mwenye cheo alikuwa na udongo, na watu waliokaa juu ya ule udongo. Basi swali likatokea: mkubwa akibadilisha dini, aache cheo au akichukue pamoja naye? Mapatano yalisema aache. Lakini Mwanga alianza kuelekea Wakatoliki, na watu mingi walipenda kufuata mfalme. Wakatoliki wakaona ni vibaya mtu kunyang'anywa shamba kwa sababu ya imani yake. Waprotestanti wakaona kwamba wakiruhusu hivyo, kiisha siku kidogo hawatabaki na kitu. Kila upande ulikuwa na neno la kweli ndani ya mdomo wake, na kila upande uliangalia tumbo lake pia.

Kapteni Lugard wa Kompani ya Kiingereza alifika mwisho wa 1890 na mzinga wake wa Maxim. Mwezi wa Januari 1892 Mkatoliki mmoja alimwua Mprotestanti katika ugomvi wa bunduki. Mwanga akahukumu kwamba hana kosa. Lugard hakukubali, akawapa Waprotestanti bunduki, na siku ya 24 Januari vita vikalipuka kule Mengo. Wakatoliki walishindwa, mfalme akakimbia kwa mtumbwi.

Sisi wanafunzi wa shule ya Kiprotestanti tunapaswa kusema jambo hili bila kuzunguka. Wenzetu wa imani hawakushinda kwa kuwa walisali zaidi. Walishinda kwa sababu Maxim ilikuwa upande wao. Na sehemu kubwa ya vyeo waliyopata baadaye ilitoka pale.

Kiisha vita ikawa kugawanya inchi. Wakatoliki walipewa jimbo la Buddu, na Waislamu majimbo madogo matatu. Njia zikajaa watu wenye mizigo kichwani: Wakatoliki wakienda Buddu, Waprotestanti wakitoka. Mwaka wa 1893 Sir Gerald Portal aliwaketisha askofu wawili, Tucker wa Waprotestanti na Hirth wa Wakatoliki. Wakatoliki wakaongezwa majimbo, na vyeo vikubwa vikawekwa viwili viwili: makatikiro wawili, wakubwa wa askari wawili, wakubwa wa mitumbwi wawili. Kagwa akakaa pamoja na Stanislas Mugwanya, Mkatoliki aliyekuwa adui yake juzi tu. Waislamu hawakuitwa mezani. Baada ya fujo za mwaka ule walibaki na Butambala tu.

Inafaa kusifu jambo moja. Kagwa na Mugwanya hawakupendana sana, lakini walifanya kazi. Mwanga alipoasi mwaka wa 1897 na kuondolewa, mwanawe Daudi Chwa alikuwa mtoto mchanga. Watatu walitawala kwa ajili yake: Kagwa, Mugwanya, na Zakaria Kisingiri, Mprotestanti. Mwaka wa 1900 wakapatana na Sir Harry Johnston. Baraza la Lukiko likapata wakubwa wa majimbo 20, watu 3 kutoka kila jimbo, na 6 wa kuchaguliwa na Kabaka. Toka wakati ule vita vya dini havikurudi katika Buganda. Hilo si jambo dogo.

Lakini bei ililipwa na wengine. Mapatano yale yaliwapa wakubwa na watu wengine 1.000 maili za mraba 8.000 ziwe mali yao. Mkulima aliamka asubuhi akakuta anakaa kwa mtu. Wazee wa koo waliona makaburi ya babu zao ndani ya shamba la mwingine, na katika miaka ya 1920 walimshtaki Kagwa kwa sauti kubwa. Dini zilikuwa zimehesabiwa, maskini hakuhesabiwa.

Kagwa alifanya mengi mengine. Mwaka wa 1902 alikwenda Uingereza na mwandishi wake Ham Mukasa kwa sherehe ya mfalme Edward VII, na mwaka wa 1905 akapewa heshima ya Sir. Aliandika kwa Kiganda habari za wafalme, za koo na za desturi, kazi ambayo wenye elimu wanaitumia mpaka leo. Mwishoni aligombana na wakubwa wa serikali ya Kiingereza, akaacha cheo mwaka wa 1926. Alikufa Nairobi mwezi wa Februari 1927.

Kiti cha katikiro kilibaki kwa Waprotestanti mpaka uhuru wa Uganda, 1962. Na hata vyama vya siasa vya wakati ule watu walivihesabu kwa makanisa. Dawa iliyosimamisha damu ilikuwa imekuwa desturi, na desturi ikawa ukuta.

Basi tunajifunza nini? Sisi tunafikiri kugawanya viti ni bora kuliko kugawanya risasi, na Kagwa alistahili heshima kwa kuketi na adui yake. Lakini anayegawanya aangalie nani hakuitwa mezani, na nani anapika chakula bila kuonja. Siku ya kuchagua wakubwa wa madarasa inakaribia. Tukumbuke Buddu, na wale watu na mizigo yao kichwani.