Gakaara wa Wanjau: Mwandishi wa Karatina na Amana ya Nyumbani

Wahenga walinena kwamba mali bila daftari hupotea bila habari. Kwa Gakaara wa Wanjau, daftari zenyewe ndizo zilizokuwa mali, na maisha yake yanatufunza jinsi mali ya aina hiyo inavyoweza kuokolewa ndani ya nyumba ya mtu.

Gakaara alizaliwa mwaka 1921 katika eneo la Tumutumu, Nyeri, ambako babake alikuwa mchungaji wa kanisa la Kipresbiteri. Alisoma katika Shule ya Upili ya Alliance hadi mwaka 1940, alipofukuzwa kufuatia mgomo wa wanafunzi, kisha akajiunga na jeshi. Baada ya vita alishika kalamu. Uhoro wa Ugurani, hadithi ya mapenzi na mahari, ilitoka mwaka 1946. Mnamo 1948 alichapisha Roho ya Kiume na Bidii kwa Mwafrika, kijitabu cha kisiasa alichokiandika kwa Kiswahili, lugha iliyovuka mipaka ya kabila lake.

Hali ya hatari ilipotangazwa Oktoba 1952, Gakaara alikamatwa. Alikaa kizuizini takribani miaka minane, akihamishwa kambi baada ya kambi: Manda karibu na Lamu, Athi River, hatimaye Hola. Huko aliweka shajara, na alimwandikia mkewe, Shifra Wairire, barua kuhusu mambo ya nyumbani. Barua hizo, zilizokusudiwa kusomwa na mtu mmoja tu, leo ni hazina kwa wanahistoria wanaochunguza fikra za wafungwa wa Mau Mau.

Alipoachiliwa alirejea Nyeri na kuendesha uchapishaji wake katika mji wa soko wa Karatina. Hapo ndipo lilipotoka jarida la Gikuyu na Mumbi, pamoja na visa vya mhusika wake maarufu, Wa-Nduuta. Gakaara alikuwa mwandishi, mhariri, mpiga chapa na muuza vitabu. Kwa hiyo kazi zake nyingi hazikutegemea hisani ya wachapishaji wa Nairobi, nazo hati zake zilibaki karibu na jamaa yake.

Faida ya utunzaji huo ilidhihirika mwaka 1983, shajara ya kizuizini ilipochapishwa kwa Kikuyu kwa jina la Mwandiki wa Mau Mau Ithaamirio-ini. Mwaka uliofuata ilipata Tuzo ya Noma, naye Gakaara akaitunukiwa pamoja na Njabulo Ndebele wa Afrika Kusini. Hata hivyo, sifa hizo hazikumkinga: mwaka 1986 alikamatwa tena, safari hii na serikali ya Kenya huru. Alifariki mwaka 2001.

Ni dhahiri kwamba lau hati hizo zisingetunzwa na mwenyewe na watu wake, tusingekuwa nazo. Lakini nyumba si makavazi. Karatasi huliwa na mchwa, na warithi nao hupita. Nakala za maikrofilamu za hati zake zimehifadhiwa katika Chuo Kikuu cha Yale, Marekani, ilhali mwanafunzi wa Nyeri huenda asijue kwamba mwandishi huyo aliwahi kuandika kwa Kiswahili. Jamaa ilitimiza wajibu wake kwa kutunza. Wajibu wa kusoma, kunakili na kukiingiza kijitabu cha 1948 katika historia ya fasihi ya Kiswahili ni wetu sisi wanafunzi wa lugha hii.