Josué de Castro: Daktari aliyeitambua 'njaa' kwa wagonjwa

Miaka ya 1930 ilipoanza, kiwanda kimoja cha mji wa Recife, kaskazini-mashariki mwa Brazil, kilimtaka daktari wake kijana awapime wafanyakazi waliodaiwa kuwa wavivu. Josué de Castro aliwapima, akawapa wakubwa jibu wasilolitarajia: watu hawa wana njaa, na dawa yake anayo mlipa mshahara, si daktari. Akatakiwa aache kazi.

Alizaliwa mjini humo mwaka 1908, akasomea udaktari Rio de Janeiro. Utotoni aliwaona maskini wa vibanda vya kwenye mikoko wakiishi kwa kaa wa matopeni. Watu walikula kaa, kaa nao wakala taka za watu.

Baadaye alichunguza mlo wa familia 500 za wafanyakazi wa Recife. Majibu yalifanana: maharage, unga wa muhogo, nyama kavu ya chumvi, kahawa na sukari. Maziwa, matunda na mboga vilikuwa adimu. Ndiyo njaa aliyoiita iliyojificha: tumbo limejaa, mwili umekosa protini, madini na vitamini. Haina kelele, na mama anaweza kuapa kliniki kwamba mwanawe anashiba kila siku.

Kitabu chake cha mwaka 1946, Geografia da Fome, kiliichora njaa ya Brazil kwenye ramani. Cha kushangaza, ukanda wa pwani wenye udongo mzuri na mvua ya kutosha ulikuwa na njaa ya kudumu, kwa sababu mashamba ya miwa yalimeza ardhi yote na kibarua hakuachiwa hata kitalu cha mboga. Wakazi wa bara kame, wenye mahindi, maharage na maziwa ya mbuzi, walikula vizuri kuliko wao, ila ukame ulipowavamia.

Miaka ya 1950 aliongoza Baraza la FAO, shirika la chakula la Umoja wa Mataifa. Aliondoka amevunjika moyo kwa jinsi serikali zilivyositasita.

Wanajeshi walipotwaa madaraka Brazil mwaka 1964, walimnyang'anya haki zake za kisiasa, kwani kudai ardhi igawanywe lilikuwa kosa. Akahamia Paris, akafundisha huko. Alifariki Septemba 1973, akiwa na miaka 65, bado akingojea kurudi. Kilichorudi ni mwili wake, ukazikwa Rio de Janeiro.