Cherry Kearton: Mpiga filamu wa simba halisi aliyezidiwa na simba wa studio

Juni 1915, meli za Waingereza zilivuka Ziwa Victoria kutoka Kisumu zikaishambulia Bukoba, enzi hizo ikiwa chini ya Wajerumani. Ni ziwa hilihili linalogusa Geita. Ndani ya kikosi hicho alikuwepo mwanajeshi wa miaka 43, Cherry Kearton. Jina lake halikutokana na bunduki, lilitokana na kamera.

Kearton alizaliwa 1871 kijijini Thwaite, kaskazini mwa Uingereza, mtoto wa mkulima. Yeye na kaka yake Richard walianza na picha za viota vya ndege. Ili ndege wasishtuke, walitengeneza ngozi ya ng'ombe ikasimama kama ng'ombe mzima, mtu akawa anajificha tumboni na kamera. Msukuma wa Shinyanga angecheka, maana ng'ombe asiyecheua wala kupunga mkia ana walakini. Lakini ndege waliingia mkenge.

Mwaka 1909 alikuwa Kenya, akamkuta Theodore Roosevelt, rais mstaafu wa Marekani, akiwinda. Akampiga filamu bubu, zile zisizo na sauti. Shida ni moja: hakupata tukio la Roosevelt akiua simba.

Wakati huo kule Chicago, William Selig alishamaliza kazi bila kukanyaga Afrika. Alimtafuta mwigizaji anayefanana na Roosevelt, akanunua simba mzee, simba akapigwa risasi studio. Watu wakajaa kumbini. Filamu ya Kearton ilipotoka 1910, wengi waliiona imepoa. Simba walishamwona! Ni kama klipu feki ya WhatsApp: ukweli ukifika, watu wameshasambaza.

Kearton hakuiga mchezo ule. Mwaka huohuo alirekodi Kenya msafara wa Mmarekani Buffalo Jones, mzee aliyenasa simba na faru kwa kamba, wakiwa hai.

Alifariki London Septemba 1940, muda mfupi baada ya kutoka jengo la BBC alikokuwa na kipindi cha watoto.

Filamu nyingi bubu za zama zake zimepotea. Utepe wa nitrati uliotumika hushika moto upesi, na ukikaa vibaya huoza. Vipande vya safari ya Roosevelt vimehifadhiwa Maktaba ya Bunge la Marekani. Tukio la kuua simba halimo, kwa sababu Kearton hakuliona.