Ernest Overton: mutu aliyetambua kama seli inafunikwa na mafuta

Asubui ya baridi hapa Kpandroma, mafuta ya ngazi inaganda mu chupa, lakini ya karanga inabaki maji. Seli za mwili nazo ziko na mafuta. Aliyetambua ile ni Ernest Overton.

Alizaliwa Uingereza mwaka 1865, akasomea elimu ya mimea Zurich, mu Uswisi. Alijaribu mamia ya dawa juu ya seli za mimea na watoto wa chura. Akaona kama kitu chenye kuyeyuka mu mafuta kinaingia mbio mu seli. Kisichoyeyuka humo kinachelewa. Mwaka 1899 akaeleza kama seli inafunikwa na kitu sawa mafuta. Hakuikuwa mashini ya kuonyesha ile ngozi. Aliitambua bila kuiona. Toka 1907 alifundisha Lund, mu Uswidi. Alikufa 1933.

Swali ilibaki: baridi ikija, ile mafuta haigandi? Mwaka 1974, Michael Sinensky alionyesha kama bakteria yenye kukomea mu baridi inatia mu ngozi yake mafuta mengi ya aina isiyoganda mbio. Mu joto, inatia ya kuganda. Vile ngozi inabaki laini, na seli inaishi.