Jean Bosco Mwenda: gitare lilivuka mipaka, mwenyewe akasahauliwa



Ukiwauliza vijana wetu Jean Bosco Mwenda ni nani, wengi hawamjue. Mtajie mzee jina hilo, utaona uso wake unabadilika.

Mwenda alizaliwa mwaka 1930 Bunkeya, mji wa Msiri na Wayeke, huku kwetu Katanga. Mwaka 1952, Jadotville, ndiyo Likasi ya leo, alimkuta Hugh Tracey, mzungu aliyekuwa anazunguka Afrika na mashine ya kurekodi muziki. Kijana alikuwa peke yake na gitare kavu, bila umeme. Kidole gumba kilipiga sauti nzito, cha shahada kilicheza zile nyembamba; ungesema wako watu wawili. Wimbo wake Masanga ulitoka kwenye disiki, ukafika Nairobi, ukafika mpaka Ulaya. Aliimba kwa Kiswahili chetu hiki, habari za watu wa kawaida. Mwaka 1969 alipiga gitare kwenye tamasha la Newport, Marekani.

Lakini huku nyumbani mambo yalikuwa yameanza kugeuka. Okestra za Kinshasa, na gitare za umeme na Kilingala, zilijaza redio na baa. Mtu mmoja na gitare lake kavu hakutafutwa tena sana. Mwenda akawa anaishi kwa kazi zingine. Mwaka 1979 John Low, mpiga gitare kutoka Uingereza, alikuja Shaba kutafuta wapigaji wa zamani, akajifunza kwa Mwenda. Ilibidi mgeni atoke mbali kuuliza kitu kilichokuwa mlangoni petu.

Mwenda alikufa mwaka 1990 kwa ajali ya gari, Zambia, inchi ile ile ambayo watu wengi wa Katanga walikuja kuikimbilia wakati wa vita.

Kwa nini tunawaletea habari hii? Kwa sababu mtu akirudi, fishi za msaada zinauliza umri, watoto wangapi, shamba liko wapi. Anapewa hema, jembe na mbegu, na anavihitaji kweli. Lakini hakuna mstari wa kuuliza: mzee, zamani ulijulikana kwa kitu gani? Huenda fundi wa gitare, wa ngoma au wa hadithi amekaa kimya nyumba ya tatu kutoka kwako.

Tunawaomba: muulizeni sasa, angali hai. Telefone uliyo nayo mfukoni inatosha kurekodi.